Jina Lako Likiisha Kubandikwa Ukutani

Wababa, wamama, na ninyi vijana mlioacha shughuli zenu mchana huu hapa Lubumbashi, asanteni kwa kuja.

Nianze na yaliyonipata mimi. Nilipomaliza masomo nilifanya konkuru, mtihani wa kushindania nafasi, ya kuingia kazi ya Leta, yaani ya serikali. Jina langu likabandikwa ukutani kati ya waliofaulu. Mama akapika bukari na kuku, majirani wa Katuba wakaja kutupongeza. Kisha kimya. Mwaka ukapita, na wa pili. Kila nikienda kuuliza, jibu lilikuwa moja: dosie, yaani faili lako, iko Kinshasa. Sikuandika hata barua moja, kwa sababu niliogopa kwamba anayelalamika anafutwa kwenye orodha. Kosa lile ndilo lililonifanya nikubali kuzungumza leo.

Tuanze na jambo chungu. Kuwa kwenye orodha hakukupi kazi. Mwaka 1991 Mahakama ya Juu kabisa ya India iliamua kesi ya mtu aliyefaulu mtihani wa kuingia polisi asipangiwe nafasi aliyoitaka. Majaji watano walisema aliyefaulu hana haki isiyopingika ya kuajiriwa, hata kama nafasi ziko wazi. Lakini waliongeza kwamba serikali haiwezi kuziacha nafasi hizo wazi kwa kupenda kwake tu. Lazima iwe na sababu ya kweli. Hukumu ile haitufungi sisi Wakongomani. Naileta kwa sababu inatenganisha vizuri vitu viwili tunavyovichanganya: kudai kazi, na kudai kutendewa haki katika kuitafuta.

Hicho cha pili tunacho kwa maandishi. Kifungu cha 13 cha Katiba yetu ya 2006 kinakataza mtu kubaguliwa katika kuingia kazi za umma kwa sababu ya kabila, dini, familia anayotoka, maoni yake, hata mahali anapokaa. Nayo Sheria namba 16/013 ya tarehe 15 Julai 2016, inayowahusu watumishi wa Leta, inataka watu waingie kwa konkuru. Kwa hiyo, ukisikia kwamba mtu asiyefanya mtihani ameanza kazi na wewe uliyefaulu bado uko nyumbani, hapo una neno la kusema, na ni neno zito.

Sasa angalieni karatasi mliyo nayo, maana ndiyo inayoonyesha umefika wapi. Aliyechaguliwa tu kwenda kufanya mtihani anadai usawa, basi. Aliyetangazwa kufaulu anaweza kuuliza kwa nini hapangiwi. Mwenye barua ya kumpangia kazi, ile tunayoita komisyo, ana uamuzi uliotiwa sahihi, na uamuzi hauondolewi kimyakimya. Halafu kuna ndugu zetu wa NU (nouvelles unités, yaani watumishi wapya), wanaofika ofisini kila asubuhi bila matrikule, ile namba ya mtumishi, wala mshahara, wakingoja kumekanizwa, yaani kuingizwa kwenye orodha ya malipo. Hao naona wanaonewa kuliko wote. Kifungu cha 36 cha Katiba kinasema anayefanya kazi alipwe kwa haki, na mtu hawezi kulisha watoto kwa matumaini. Na kazi ya Leta ina mpaka wa umri wa kuingia: kila mwaka wa kungoja unamsogeza kijana karibu na mlango unaofungwa.

Mtafanya nini? Andikeni. Kifungu cha 27 cha Katiba kinampa kila Mkongomani haki ya kupeleka ombi kwa wakubwa, peke yake au pamoja na wenzake, na wanatakiwa kujibu ndani ya miezi 3. Kifungu hicho hicho kinasema hakuna atakayeshtakiwa kwa kuandika ombi la namna hiyo. Laiti ningelijua hilo wakati ule! Andikeni kwa kikundi mkiweza: mtu mmoja anasahaulika, majina arobaini yenye sahihi hayasahauliki upesi. Wekeni kopi, na msiondoke bila muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Bila tarehe hamna kitu.

Ikiwa umekataliwa, au jina limeondolewa, peleka kwanza malalamiko kwa mkubwa aliyeamua. Asipojibu, sheria inahesabu kimya chake kuwa amekataa, na hapo njia ya korti inafunguka. Uamuzi wa waziri unapingwa mbele ya Conseil d'État, korti ya juu ya mambo ya utawala, kule Kinshasa. Wa mkubwa wa jimbo unaanzia kwenye korti za huku. Siku za kufanya hivyo ni chache na zinaanza kuhesabiwa siku uamuzi ulipotoka au ulipokufikia, wala hazikungojei umalize kutumwa "rudi wiki ijayo". Wengi wanafika kwa avoka, yaani wakili, wakiwa na haki kamili mkononi, na muda umekwisha.

Waliokuja na karatasi zao, sogeeni hapa mbele. Tutaanza na wenye komisyo, tuangalie tarehe moja moja.