Ibn al-Shatir, Mtunza Nyakati wa Damascus

MWANAIDI: Wasikilizaji wetu, karibuni. Mwaka 1184 msafiri wa Andalusia, Ibn Jubayr, aliitazama saa ya maji kwenye lango la Jayrun, kando ya Msikiti wa Umayya mjini Damascus, ambayo vipanga wake wawili wa shaba walidondosha vigololi kutoka midomoni mwao kila saa ilipotimia, naye akaandika kwamba mtu angedhani ni uchawi. Leo tunamzungumzia mwanachuoni wa mji huohuo, aliyezaliwa zaidi ya miaka mia moja baadaye, ambaye naye aliutawala wakati kwa hesabu tupu: Ibn al-Shatir.

HAMADI: Ahsante, Bi Mwanaidi. Alizaliwa mwanzoni mwa karne ya 14, akafiwa na baba yake angali mdogo, akalelewa na babu, kisha jamaa yake akamfunza kazi ya kutia njumu za pembe za ndovu. Nisingependa tuipite haraka habari hiyo, kwa sababu aliyezoea kukata kipande cha pembe kikakaa ndani ya ubao bila mwanya wowote anajua unywele mmoja una uzito gani katika kipimo. Baadaye alikwenda Cairo na Alexandria kusoma elimu ya falaki, na aliporudi akawa muwaqqit, yaani mtunza nyakati za sala, wa Msikiti wa Umayya na mkuu wa waadhini wake.

MWANAIDI: Tuieleze kazi ya muwaqqit, maana ndiyo iliyobeba maisha yake. Adhuhuri huingia jua linapopinduka, alasiri hufuata urefu wa kivuli, na magharibi, isha na alfajiri hutegemea jua kuzama na mwanga wake kufifia au kuchomoza. Hakuna hata moja kati ya hizo inayobaki palepale mwaka mzima, kwa hiyo mtunza nyakati alipaswa kuwa mjuzi wa pembe, nyota na latitudo ya mji wake, na kosa lake lilikuwa kosa la maelfu ya wanaosali.

HAMADI: Mwaka 1343 mwandishi al-Safadi alimtembelea nyumbani, akaona ukutani chombo kisichozidi dhiraa moja, ambacho sehemu yake ilizunguka mchana na usiku bila maji wala mchanga, kikionyesha saa. Fikiria mgeni aliyezoea saa za maji, anatafuta ndoo na bomba, asione kitu! Hata hivyo, kwangu mimi kazi yake kuu ni ile saa ya jua ya mwaka 1371, bamba la marumaru lenye urefu wa takriban mita mbili, aliloliweka kwenye mnara wa kaskazini wa msikiti, uitwao Mnara wa Bibi Harusi. Kijiti chake alikilaza sambamba na mhimili wa dunia, kwa hiyo saa zake zililingana kiangazi na kipupwe, na mistari yake ilionyesha pia saa zilizopita tangu jua kuchomoza na zilizobaki hadi lizame.

MWANAIDI: Hapo msikilizaji wa Kiswahili yuko nyumbani, kwa kuwa sisi bado tunahesabu saa moja ya asubuhi baada ya jua kuchomoza, na saa moja ya usiku baada ya kuzama. Lakini naona, ndugu yangu Hamadi, umeanza kulikwepa suala la Copernicus, yule mwanafalaki wa Poland aliyeliweka jua katikati, ambaye hesabu zake zinafanana na za Ibn al-Shatir.

HAMADI: Silikwepi, nalipunguza uzito. Katika kitabu chake cha sayari, Ibn al-Shatir alizikataa baadhi ya mbinu za Ptolemy, mwanafalaki wa kale wa Kigiriki, akajenga mifano ya mizunguko iliyokubaliana na alichokiona, na mfano wake wa mwezi ni uleule kihesabu na ule wa Copernicus katika kitabu cha 1543. Watafiti walilionyesha hilo mwaka 1957. Hata hivyo, Ibn al-Shatir aliiacha dunia katikati, na kinachonisikitisha ni kuona anatajwa tu kama kivuli cha mwanachuoni wa Poland.

MWANAIDI: Mimi nalikubali jambo hilo nusu. Mifano ile ni fahari ya hesabu, na haifai kuifanya ndogo ili marumaru yaonekane makubwa. Ila nakuunga mkono kwamba waliomhitaji hawakuwa wanafalaki peke yao. Alitengeneza pia kisanduku kidogo, chenye upana wa sentimita 12 hivi, cha kujua saa na kuelekea kibla, kifaa cha kubebwa mkononi.

HAMADI: Na jedwali zake ziliendelea kutumika Damascus kwa karne kadhaa baada ya kufariki kwake mwaka 1375. Lile bamba la marumaru lilivunjika, vipande vyake vikahifadhiwa katika Makumbusho ya Taifa ya Damascus, na katika karne ya 19 fundi mwingine alichonga nakala yake, ikapandishwa kwenye mnara uleule ili waadhini waendelee kuitumia.