Nyota Iliyouacha Moshi Wake

ZUHURA: Karibuni tena. Leo tunarekodi juu ya paa, Sinza, Dar es Salaam, katikati ya Januari, saa tatu na nusu usiku. Baraka ameelekeza kiti kaskazini, na mimi upande huo naona taa za Mwenge tu.

BARAKA: Anzia juu, dada Zuhura. Kile kishada hafifu ni Kilimia. Teremsha macho mpaka kwenye nyota moja angavu, ya manjano kidogo. Hiyo ni Capella. Sasa nyoosha mkono, upime vidole vitatu vinne kushoto kwake.

ZUHURA: Pale pana giza.

BARAKA: Ndipo penyewe. Kuna wingu la gesi pale, Sh2-216, upana wake angani ni kama miezi mipevu mitatu iliyopangwa mstari. Macho hayalioni kabisa. Hata wenye darubini hulazimika kuacha kamera wazi kwa saa nyingi, tena kwa kichujio kinachopitisha rangi moja tu, ule wekundu wa haidrojeni.

ZUHURA: Kubwa hivyo, halafu halionekani?

BARAKA: Kwa sababu limezeeka. Mawingu ya aina hii, nebula za sayari, kwa kawaida hutawanyika ndani ya makumi ya maelfu ya miaka. Hili linakadiriwa kuwa na miaka laki kadhaa. Gesi imetanuka mpaka imekuwa nyembamba mno.

ZUHURA: Hapo kwenye jina tuweke sawa, maana msikilizaji wa Mbagala ametuandikia akiuliza sayari zake ziko wapi.

BARAKA: Hazihusiki. Mwanaastronomia William Herschel, miaka ya 1780, aliona viduara kwenye darubini yake vikamkumbusha sayari, jina likabaki. Kumbe ni nyota inayokufa. Nyota ya ukubwa wa Jua letu ikiishiwa haidrojeni kiinini mwake huvimba, hupukutisha matabaka yake ya nje, na kinachobaki ni kiini kitupu: nyota kibete nyeupe. Ukubwa kama wa Dunia, lakini hii ya Sh2-216 ina zaidi ya nusu ya uzito wa Jua zima.

ZUHURA: Na bado inawaka?

BARAKA: Haiwaki. Fikiria figa. Kuni zimeondolewa, moto umezimwa, ukiligusa linakuunguza. Nyota hii haina inachochoma tena, ni joto lililosalia, na joto lenyewe ni karibu nyuzi laki moja. Uso wa Jua ni kama 5,500. Mionzi yake ya urujuanimno, ile isiyoonekana kwa macho, ndiyo inayoifanya ile gesi itoe mwanga.

ZUHURA: Kwa hiyo tukitaka kuipata tutafute katikati ya wingu.

BARAKA: Hapana! Hapo ndipo iliponishika. Haipo katikati. Mwanaastronomia Stewart Sharpless aliliorodhesha wingu hili mwaka 1959, ni namba 216 kati ya 313, na hadi miaka ya 1980 ndipo wataalamu walipolitambua kuwa ni nebula ya sayari na kuitaja nyota yake. Ilikuwa imesogea kuelekea pembeni.

ZUHURA: Imesukumwa?

BARAKA: Nyota inaendelea na mwendo wake uleule. Gesi ndiyo iliyochelewa. Anga kati ya nyota si tupu, ina gesi yake, nyembamba sana, lakini kwa miaka laki kadhaa inatosha kulipunguzia wingu mwendo.

ZUHURA: Kama chetezo. Marehemu bibi alikuwa akifukiza udi anapita nacho chumba kizima. Yeye ameshafika mlangoni, moshi umebaki pale alipopita.

BARAKA: Ndivyo hasa! Na moshi huo hauko mbali: miaka ya nuru 420 hivi, yaani mwanga wake husafiri miaka hiyo kutufikia. Ni miongoni mwa nebula za sayari zilizo karibu nasi kuliko zote. Nimewahi kulala hapa paani usiku mzima nikitazama lile giza, nikijua limejaa.

ZUHURA: Jua letu nalo?

BARAKA: Lina kama miaka bilioni tano kabla ya kuishiwa haidrojeni kiinini na kuanza safari hiyo. Hiyo gesi inayotawanyika ina kaboni iliyopikwa ndani ya nyota, inarudi angani, na nyota nyingine huumbwa nayo. Kaboni iliyo mwilini mwako nayo ilitoka kwenye nyota zilizotangulia.

ZUHURA: Ngoja, nionyeshe tena. Capella, halafu vidole vitatu...

BARAKA: Kushoto. Hapo hapo. Usishushe mkono.