Suti ya kununua

Najua wengine hapa mmeshanisikia na hii suti hadi mmechoka. Vumilieni, leo tena.

Patrizia von Brandenstein, Mmarekani, mbunifu wa mavazi na wa mandhari, yaani mazingira ya filamu. Mwaka 1977 anamvalisha mwigizaji John Travolta kwenye filamu ya Saturday Night Fever. Kijana anayemwigiza ni muuza rangi za nyumba mtaani Bay Ridge, Brooklyn. Jumamosi usiku ndiye mfalme wa disko. Ile suti nyeupe mnaijua. Haya, nani aliishona?

Kimya. Haikushonwa! Patrizia kaingia dukani hukohuko Brooklyn, kaikuta imetundikwa, ya vipande vitatu, poliesta tupu, kalipa. Muuza rangi yule fundi wa suti angemtoa wapi? Angenunua palepale. Na kwa nini nyeupe? Klabu ina giza, sakafu inawaka taa chini ya miguu. Nyeusi ingemezwa, nyeupe inadaka kila taa inayopita. Tena hakuchukua moja, alichukua kadhaa zinazofanana, maana mtu akicheza chini ya taa za kamera, suti utaikamua kama dekio. Moja yao ilipigwa mnada mwaka 1995 kwa dola 145,500. Poliesta hiyo!

Sasa atanyanyuka mtu aseme, "Mwalimu, wenzetu wana bajeti." Bajeti ya nini? Soko la mitumba la Karume si mnapita kila siku? Kinachotuua kwenye filamu zetu ni mjane wa kijijini anayerudi shamba na kucha za bandia, kitenge bado kina mikunjo ya dukani. Kitenge kilichopauka nacho kinataka mfadhili? Nenda kwa mama yako mkubwa, mpe hicho kipya, akupe alichochakaza jikoni miaka sita. Atakuombea dua.

Upande wa mandhari nilikuwa na mengi, lakini mwenyekiti keshaanza kutazama saa. Haraka basi: Amadeus, filamu ya 1984 kuhusu mtunzi wa muziki Mozart. Prague ndiyo iliyosimama badala ya Vienna, na opera wakaenda kuipiga kwenye ukumbi uleule ambamo Mozart mwenyewe aliongoza opera yake Don Giovanni kwa mara ya kwanza, 1787. Patrizia na mwenzake wa mandhari, Karel Černý, wakachukua Oscar. Ni jicho lilelile la dukani Brooklyn.

Rangi ya ukuta kugombana na nguo, hilo naliruka.

Maswali. Ndiyo, wewe wa nyuma. La bajeti sijibu.