Kengele Inalia, Florence Hainuki

Assalaam aleikum, na hamjambo nyote. Ahsanteni kwa kuja na joto hili la Kaskazi. Mwenyekiti, naomba ile panka igeuzwe kidogo huku, maana mimi si kijana tena.

Nimeitwa nizungumzie maisha ya mwigizaji msaidizi wa vichekesho vya televisheni. Nadhani walionialika walitaka nijieleze mwenyewe. Lakini mimi nimekuwa askari wa geti, dereva wa teksi, na mara mbili nimekuwa maiti. Hadithi hiyo haifiki saa moja. Nimewaletea mwenzangu wa kazi, ingawa yeye hanijui: Marla Gibbs, mzaliwa wa Chicago, mwaka 1931.

Huyu mama hakuanzia jukwaani. Alikuwa mfanyakazi wa shirika la ndege la United, akipokea maombi ya wasafiri wanaotaka nafasi, kwanza Detroit, kisha Los Angeles. Ana watoto watatu. Umri umekwishapita arubaini, ndipo mwaka 1975 anapata kajisehemu siku ya kwanza ya The Jeffersons, kipindi cha vichekesho cha televisheni ya Marekani, hadithi ya familia ya watu weusi waliotajirika kwa maduka ya dobi wakahamia ghorofa la kifahari Manhattan. Yeye ni Florence, anayekuja kutafuta kazi ya nyumbani. Basi. Aingie, aseme, aondoke.

Sasa tazameni alivyoingia. Sebuleni pana wanawake wawili weusi, Louise mwenye nyumba na jirani yake Helen. Florence anamuuliza mmoja kama anakaa jengo hili. Ndiyo. Anamgeukia wa pili, na wewe je? Ndiyo. Hapo anauliza: ikiwa tumekwisha kushinda, mbona hakuna aliyeniambia? Watu wa kule walikuwa wametoka juzi tu kwenye maandamano ya haki za raia, na wimbo wao mkubwa uliahidi kwamba siku moja watashinda. Ukumbi ukalipuka.

Mimi nimeirudia sehemu hiyo mara nyingi, na kinachonivutia si maneno. Ni yale maswali mawili ya mwanzo, ambayo hayachekeshi hata kidogo. Angeyatia chumvi, la tatu lingekufa. Tena hilo la tatu halisemi kwa uchungu. Analiuliza kama mtu anayetaka kujua nauli ya matatu ya Bamburi imepanda lini. Vijana wetu wengi wakipewa mstari mmoja huubeba kama jeneza.

Wakamwita tena, na tena, mpaka akawa mtu wa nyumbani. Kipindi kilikwenda hadi 1985, sehemu 253. Lakini sikilizeni hili, hasa nyinyi mlionipigia simu kuniambia mmeandika barua za kuacha kazi: kwa muda wa kama miaka miwili Marla Gibbs aliigiza Florence na huku bado ameajiriwa United. Wamarekani wanamwona kwenye televisheni, na yeye anawatafutia viti vya ndege.

Mimi nilikuwa karani wa kliaringi pale bandarini. Siku moja nimeitwa Nyali, nyumba moja ya kukodi, niwe askari. Nimevuka feri ya Likoni saa kumi na moja alfajiri, wamenivika kabuti kubwa, jua la saa sita linaniwakia. Mistari yangu mitatu ikakatwa, ukabaki mmoja: “Mzee hayupo.” Nikawa nimeketi namenya chungwa. Mgeni akabisha. Sikumtazama. Nikamaliza kumenya, ganda likatoka zima, nikalishika juu nikalitazama, ndipo nikasema, “Mzee hayupo.” Mpiga picha alicheka, kamera ikatikisika, ikabidi turudie. Chungwa la pili ganda lilikatika! Hata hivyo niliitwa sehemu tano zaidi. Pesa za mbili za mwisho sijaziona mpaka leo, na mwenye deni simtaji.

Gibbs aliteuliwa mara tano kuwania Emmy, tuzo kubwa ya televisheni ya Marekani, kwa Florence, asishinde. Mwaka 1981 walimpa kipindi chake, Checking In, Florence akapelekwa hotelini kusimamia usafi. Sehemu nne tu, akarudi alikotoka. Kwa maoni yangu walimnyang'anya George, yule bosi wa kubishana naye. Ni kama umtoe Mama Kayai kwa Mzee Ojwang, mumewe wa kuigiza katika vichekesho vyetu vya Vitimbi, umpe hoteli. Atamgombeza nani? Baadaye aliongoza kipindi cha 227, tangu 1985 hadi 1990, na safari hii msaidizi wake, Jackée Harry, ndiye aliyebeba Emmy mwaka 1987.

Lakini Florence ninayempenda ni yule wa kengele. Mtumishi gani asiyefungua mlango? Kengele inalia, yeye ameketi. George anafoka, yeye bado ameketi. Hana neno, na macho yote yako kwake.

Tujaribu. Wewe kijana wa shati la bluu, toka nje ufunge mlango, kisha ubishe hodi. Mwenyekiti, wewe ni George, foka. Na wewe dada wa mstari wa mbele, kaa vizuri hapo, shika hilo gazeti. Hodi ikipigwa, fungua ukurasa wa pili.