Kamera Namba 300

Dada: Tumerudi. Wasikilizaji, kaka yangu aliniahidi mpiga picha za sinema wa kale wa Bulgaria. Kaniletea ndugu wawili ambao hata si Wabulgaria.

Kaka: (anacheka) Subiri, Bulgaria imo. Hawa ni Yanaki na Milton Manaki. Ni Wavlaki, jamii ndogo ya huko Balkani, wazaliwa wa Avdella, kijiji cha milimani ambacho leo kiko Ugiriki. Enzi zao kilikuwa chini ya Waturuki. Studio yao ya picha ikawa Bitola, leo Masedonia Kaskazini.

Dada: Basi kila nchi inadai ni wake.

Kaka: Wanagombewa hadi leo! Sasa, mwaka 1905 Yanaki, yule mkubwa, anafika London, anarudi na kamera ya sinema aina ya Bioscope, namba 300. Inazungushwa kwa mkono, kama cherehani zetu zile. Kamera nyingi za wakati ule zilitaka mizunguko kama miwili kwa sekunde. Mkono ukilegea, watu kwenye picha wanaonekana wanakimbia.

Dada: Na wakaanza kumpiga picha nani? Usiniambie mfalme.

Kaka: Bibi yao! Bibi Despina, aliyesemekana kupita miaka 100, ameketi anasokota sufu.

Dada: Ngoja, ngoja. Bibi anazungusha gurudumu lake, na mjukuu nyuma ya kamera naye anazungusha?

Kaka: Ndiyo hivyo. Mimi hapo ndipo waliponivutia. Wakubwa walikuja baadaye: mwaka 1911 Sultani Mehmed V wa Waturuki alipotembelea Bitola, kina Manaki walikuwepo na kamera yao.

Dada: Bulgaria, kaka. Nakudai.

Kaka: Haya. Vita Kuu ya Kwanza, jeshi la Bulgaria linaushika mji wa Bitola. Yanaki anakamatwa, anapelekwa kuzuiliwa Plovdiv, huko Bulgaria. Milton anabaki.

Dada: Baada ya vita je?

Kaka: Wakafungua jumba la sinema pale Bitola, likaenda miaka kadhaa. Mwaka 1939 likaungua.

Dada: Masikini.

Kaka: Yanaki alikuwa ameshahamia Thessaloniki, akafia huko 1954. Milton hakutoka Bitola, akafa 1964. Ndugu waliokuwa na studio moja, mmoja kazikwa Ugiriki, mwingine Yugoslavia, maana Bitola wakati huo ilikuwa huko, na wote walizaliwa raia wa sultani mmoja.

Dada: Mipaka ndiyo iliyohama.

Kaka: Tangu 1979 Bitola ina tamasha la wapiga picha za sinema, lenye jina la hao ndugu. Tuzo yake inaitwa Kamera 300 ya Dhahabu.

Dada: Anapewa mwongozaji?

Kaka: Hapana! Aliyeshika kamera. Mwongozaji kashazoea kupigiwa makofi, akae.

Dada: Na Bibi Despina hana tuzo.

Kaka: Bibi ana sufu yake.