Tiba ya Jeni kwa Seli Mundu: Majibu kwa Ndugu Zangu wa Malindi

Assalaam alaikum ndugu zangu wa Malindi, kuanzia Shela hadi Barani na Maweni. Wengi wenu mmeniuliza kama ni kweli huku Uingereza seli mundu, ule ugonjwa wa kurithi unaozipinda chembe nyekundu za damu kama mundu, imepatiwa dawa. Ni kweli: mnamo Novemba 2023 nchi hii ilikuwa ya kwanza duniani kuidhinisha tiba ya jeni iitwayo Casgevy, kwa wagonjwa wa kuanzia umri wa miaka 12, na Marekani ikafuata mwezi uliofuata.

Mtoto akiwa tumboni hutumia hemoglobini (protini ya damu inayobeba oksijeni) ya kichanga, ambayo haiziharibu chembe za damu. Baada ya kuzaliwa, jeni iitwayo BCL11A huizima taratibu, na ndiyo sababu mtoto mwenye seli mundu huonekana mzima miezi ya mwanzo kabla maumivu hayajaanza. Madaktari huchukua seli mama za damu ya mgonjwa mwenyewe, yaani zile zinazozalisha chembe za damu, wakaikata kwa CRISPR, mbinu iliyo kama mkasi wa kukata jeni, sehemu inayoipa BCL11A nguvu katika damu, kisha wakamrudishia, na hemoglobini ile ya kichanga ikaanza kutengenezwa upya. Jeni yenye kasoro haiguswi, kwa hiyo aliyetibiwa bado anaweza kuwarithisha wanawe.

Katika majaribio, wagonjwa 29 kati ya 31 waliofuatiliwa vya kutosha walikaa angalau mwaka mzima bila shambulio kali la maumivu. Hata hivyo, kabla ya kurudishiwa seli hizo mgonjwa hupewa kemikali kali ya kuusafisha uboho, ambayo inaweza kumnyima uzazi, na bei iliyotangazwa Marekani ni dola milioni 2.2. Inaniuma sana kwamba ugonjwa ambao wengi wa wanaouugua wako Afrika umepata tiba ambayo Afrika haiwezi kuinunua.

Kwa hiyo, mama zangu, msiisubiri. Haidroksiyurea ni dawa ya kumeza ambayo nayo huongeza hemoglobini hiyohiyo, na ilijaribiwa kwa watoto hapo hapo kwetu Kilifi, pamoja na Angola, Kongo na Uganda. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2019 yalionyesha kuwa maumivu, malaria, kuongezewa damu na vifo vilipungua. Mwulizeni daktari wa kliniki kuhusu dawa hii, na akimwanzishia mtoto, msikose kumrudisha kupimwa damu, kwa sababu dozi ikizidi huweza kuzishusha chembe nyeupe za damu, zinazopigana na maradhi.