Wimbo Uliovuka Mvua: Salamu za Krismasi kutoka Dresden kwa Watu wa Rungwe

Shikamooni wakubwa zangu wote mnaonitazama kutoka Tukuyu, Kiwira, Kyela na Mbeya mjini, na wadogo zangu, hamjambo. Huku Dresden ni saa kumi na nusu jioni na giza limekwisha kuingia. Taa mnayoiona kwenye dirisha la jirani yangu ni ile nyota ya karatasi yenye pembe nyingi ambayo Wajerumani wa upande huu huitundika tangu Jumapili ya kwanza ya Majilio. Leo sitawatembeza sokoni wala kwenye theluji, kwa sababu juzi mdogo wangu wa mwisho alinipigia simu akaniuliza jambo ambalo sikuweza kulijibu papo hapo. Kwaya zetu hutunga nyimbo mpya mwaka mzima, zikapendwa miezi miwili mitatu kisha zikasahaulika. Iweje ikifika Desemba kila mtu anataka "Usiku Mtakatifu" ule ule aliouimba bibi, na kwaya ikithubutu kuuacha, wazee wananung'unika hadi mwaka mpya?

Naanza na ninachokifahamu kwa masikio yangu mwenyewe. Nilikuwa sauti ya pili katika kwaya ya ushirika wetu, chini ya Mlima Rungwe. Mazoezi ya Krismasi yalianza Novemba, mvua zikiwa zimeshika, na aliyekulia Tukuyu anajua kwamba mvua ya kwetu ikipiga bati hakuna anayemsikia mwenzake. Mwalimu wetu wa kwaya alikuwa na daftari la nota za solfa lililovimba kwa unyevu, na matone ya nta ya mshumaa yalikuwa yamegandisha kurasa mbili katikati ya ubeti wa tatu, kiasi kwamba ubeti ule hakuna aliyeusoma, tuliujua tu. Mvua ilipozidi, alilifunga daftari, akainua mkono, nasi tukaendelea kuimba kwa kuutazama mkono ule. Soprano hawakutusikia, nasi hatukuwasikia besi. Kisha mvua ikakatika ghafla, kama inavyofanya kwetu, tukajikuta sote tuko kwenye neno moja. Wimbo uliofundishwa mwezi uliopita usingeweza kuvuka mvua ile.

Niliukumbuka mkono wa mwalimu katika mkesha wangu wa kwanza huku, nilipokuwa sijui Kijerumani zaidi ya salamu. Niliketi nyuma kabisa, nikiwa na koti zito na upweke ambao sitaki kuueleza sana, na ibada ikapita juu ya kichwa changu neno baada ya neno hadi taa zilipozimwa na kinanda kikaanza tuni ile. Kinywa kilifunguka chenyewe, kwa Kiswahili, sauti ya pili. Mama mmoja mzee aliyesimama kando yangu aligeuka, akasikiliza kidogo, kisha akasogea nusu hatua karibu nami, kwa sababu naye alikuwa sauti ya pili. Tulimaliza wimbo bega kwa bega, kila mmoja kwa lugha yake, na hatukukosana hata nota moja.

Baadaye nilitaka kujua wimbo huo ulitoka wapi, na nilichokuta ni kidogo kuliko nilivyodhani, namaanisha mwanzo wake. Maneno yaliandikwa mwaka 1816 na padri kijana wa Austria, Joseph Mohr. Vita vya Napoleon vilikuwa vimekwisha majuzi tu, na mwaka huo Ulaya ilikosa kiangazi cha kawaida kwa sababu mlima wa volkano wa Tambora, kule Indonesia, ulikuwa umelipuka mwaka uliotangulia. Baridi iliua mazao na njaa ikafuata. Miaka miwili baadaye Mohr alimpa maneno hayo mwalimu wa shule aliyekuwa pia mpiga kinanda, Franz Xaver Gruber, naye akayatilia tuni, na tarehe 24 Desemba 1818 wakauimba wawili hao katika kanisa la Oberndorf, karibu na Salzburg, kwa gitaa. Kuna hadithi maarufu kwamba walitumia gitaa kwa sababu panya walikuwa wametafuna kinanda. Msiichukulie kuwa historia. Wimbo ukasambazwa na familia za waimbaji wasafiri wa milima ya Tyrol, watunzi wakasahaulika, na ilimlazimu Gruber mwaka 1854 kuandika maelezo kwa mkono wake kuthibitisha kwamba tuni ni yake, kwa maana watu walikuwa wakiwataja watunzi wakubwa waliokwisha kufa.

Kwetu sisi ulipanda mlima pamoja na wamisionari. Wamoravian walifika Rungwe mwaka 1891, wakitokea kanisa lenye makao yake Herrnhut, mji mdogo usio mbali na hapa nilipo, na katika mwaka huo huo Walutheri wa Berlin nao waliingia Unyakyusa. Lakini nasema kwa uhakika wa moyo wangu kwamba wimbo haukudumu kwa sababu ya aliyeuleta. Wageni walileta mambo mengi, na mengi tumeyaacha. Huu ulidumu kwa sababu bibi zetu waliuimba kwa Kinyakyusa wakiwa wamefunga mtoto mgongoni, na mtoto alijifunza sauti ya pili akiwa amelaza sikio kwenye mgongo uliokuwa ukiimba.

Tena hatuuimbi Machi. Mdogo wangu, hili naomba ulitazame vizuri. Wimbo wa redio tunauchosha kwa kuusikia kila siku. Huu tunaufungia miezi kumi na mmoja, na tunapoufungua tunakuta kila aliyesimama nasi mwaka jana bado yumo, pamoja na asiyekuwapo tena.

Salamu za msimu nazo naziona hivyo hivyo, ingawa wengine huzidharau kwa kusema ni maneno ya kukariri. Chukua "heri na fanaka". Ni lini mara ya mwisho umelitamka neno fanaka mwezi wa Juni? Limehifadhiwa katika salamu hiyo kama nguo ya sikukuu sandukuni. Huku watu huambiana wateleze vizuri kuingia mwaka mpya, jambo lililonishangaza kwa kuwa kwetu, kwenye matope ya Desemba, humwombei mwenzako ateleze. Lakini wanaliambiana kwa upendo ule ule.

Faida ya neno lililokwisha kutungwa niliijua mwaka alipofariki baba, wiki tatu kabla ya Krismasi. Majirani walikuja siku ya sikukuu na sahani za wali zilizofunikwa kwa vitambaa, wakasimama barazani bila kujua waseme nini, maana pole zilikuwa zimekwisha kusemwa na heri ilikuwa nzito kutamkwa. Mama mmoja akashika mkono wa mama yangu kwa mikono yake miwili, akasema, "Mungu ametuonyesha tena sikukuu." Ni msemo ambao kila mtu husema. Mama yangu aliuitikia, akawakaribisha ndani, na ndipo tukala.

Kuna wimbo mwingine wa Krismasi ambao Wajerumani huumalizia ibada ya mkesha, "O du fröhliche", ambao nilitambua tuni yake mara moja. Aliyeandika maneno yake, Johannes Daniel Falk wa Weimar, alipoteza watoto wake wanne mwaka 1813, kisha akafungua nyumba yake kwa watoto yatima wa vita, na wimbo huo aliwatungia wao. Ni wimbo wa furaha, na kila ninapousikia naiona ile baraza yetu.

Ombi langu kwenu ni moja. Bibi aliyebaki nyumbani, anayejua beti za Kinyakyusa ambazo hazimo katika kitabu chako, mwombe aimbe, umrekodi kwa simu, kabla mvua haijaanza kupiga bati.

Tarehe 24 nitakuwa kanisani saa kumi na mbili jioni kwa saa za huku, ambayo huko ni saa mbili usiku, wakati kwaya yetu inapoingia. Mama, kaa upande wa sauti ya pili, ile benchi ya karibu na mlango.